Kanuni ya Kiberiti Kimoja

Jina la nchi yetu halitajwi na mtu aliyekaa. Hiyo ni sheria, na sheria zetu zote ni nzuri. Kwa kuwa magoti yangu ni mabovu na ninaandika haya nikiwa kitini, nitaiita Jamhuri tu. Msomaji anayeifahamu anaruhusiwa kusimama kwa niaba yangu.

Mimi ni karani wa Dawati la Moto katika Uwanja wa Ndege wa Kimataifa wa mji mkuu. Uwanja ni wa kimataifa kwa sababu ndege ya nchi jirani iliwahi kupotea njia ikatua hapa, ikakaa dakika arobaini, rubani akaomba maji ya kunywa, akaondoka. Tarehe ya tukio hilo imechongwa kwenye jiwe pale mlangoni. Kazi yangu ni kukagua sigara, tumbaku na viberiti vya abiria, na nimeifanya kwa miaka sita bila kupewa onyo hata moja. Nasema hivi mjue kwamba anayewasimulia si mchochezi, ni mtumishi wa umma.

Kanuni zetu zilianza na msiba wa kitaifa. Mheshimiwa Daktari Balthazari Kisongole, Waziri wa Anga, alikuwa anasafiri kwenda kaskazini kuzindua daraja. Mheshimiwa anapenda zile sigara nene za ng'ambo zinazofanana na mguu wa meza, na siku hiyo kiberiti chake cha gesi alikitupia ndani ya mkoba wenye hotuba. Huko angani kiberiti kikajibonyeza. Hotuba ya kurasa sitini na nne ikateketea yote, na wananchi waliokuwa wamepangwa juani tangu alfajiri wakaambulia shukrani za dakika mbili, kisha wakaruhusiwa kwenda makwao. Nasikia huko hadi leo wanausifu uzinduzi ule. Serikali yenyewe ilitangaza siku tatu za maombolezo kwa ajili ya hotuba, na bendera zikashushwa nusu mlingoti.

Baada ya maombolezo ikaundwa kamati. Watu kumi na tisa walipelekwa kwenye hoteli ya ufukweni, wakakaa siku kumi na moja wakitafakari mahali salama pa kuweka kiberiti ndani ya ndege. Nchi nyingine zilikuwa na jibu tayari, tena jibu fupi: kiberiti kisiwekwe kwenye mizigo ya chini, na abiria awe nacho kimoja tu, mwilini. Kamati ililisoma jibu hilo siku ya kwanza na kulikubali siku ya kumi na moja. Siku za katikati walikula pweza.

Tungeishia hapo tungekuwa nchi kama nchi nyingine. Lakini Mheshimiwa Waziri alipoletewa ile kanuni aliuliza swali la kisomi: tutajuaje kwamba abiria anacho kimoja tu? Ikaongezwa kanuni ndogo, kwamba abiria mwenye kiberiti atoke ukumbini na kuelekea kwenye ndege akiwa amekiinua juu ya kichwa kwa mkono wa kulia. Mimi huwaona kupitia kioo cha dirisha langu wakivuka uwanja kwa mstari, mikono juu, upepo ukiwapeperusha nguo. Mgeni mmoja aliwahi kuniuliza wamejisalimisha kwa nani. Nilimwambia kwa usalama wao wenyewe.

Sigara za betri nazo zilitusumbua. Ushauri uliotoka nje ulisema zisiende kwenye mizigo ya chini, maana betri hushika moto, bali zisafiri juu na abiria. Meneja wetu wa uwanja, Bwana Sebunga, aliagiza kila sigara ya betri ipewe kiti na kufungwa mkanda. Ilichukua miezi mitatu kumtoa kwenye wazo hilo, na katika miezi hiyo mwalimu mmoja mwenye tiketi halali aliachwa uwanjani kwa sababu ndege ilikuwa imejaa sigara.

Tumbaku tuliigawa katika makundi matatu, na kila kundi ni lazima lithibitishwe na karani kwa ulimi na pua yake. Ya kunusa nainusa. Ya kutafuna naitafuna. Ya kuvuta naitafuna pia, kwa kuwa kuiwasha uwanjani ni kosa. Halafu naandika "Ni tumbaku" na kutia saini. Maishani mwangu sikuwahi kugusa tumbaku kabla ya kuajiriwa hapa. Sasa mke wangu anasema nanuka kama ghala la ushirika, na ili kuondoa ile ladha huwa naweka kwenye droo pakiti ya peremende nyekundu za kifua.

* * *

Sasa niwaeleze habari za lakiri, maana bila lakiri hamtaelewa kilichompata Bi. Nyamizi.

Lakiri ni ile nta ngumu nyekundu inayoyeyushwa kwa moto, ikadondoshwa kwenye karatasi na kugongwa muhuri ingali laini. Waliotutawala zamani walipoondoka walibeba kila kitu chenye thamani, wakasahau kasha moja la lakiri ghalani, na serikali yetu imejengwa juu ya kasha hilo. Katika Jamhuri karatasi isiyo na lakiri ni ya kufungia karanga. Mtoto akizaliwa, lakiri. Mbuzi akivuka mpaka wa wilaya, lakiri. Na Fomu ya Moto Namba Saba, inayomruhusu abiria kubeba kiberiti kimoja, haiwezi kuitwa fomu bila lakiri upande wa chini kulia.

Mwaka wa pili wa sheria hii Meneja Sebunga aliona mbali. Aliona kwamba kama moto ni hatari angani basi ni hatari na ardhini, kwa kuwa ndege zote hutokea ardhini. Akautangaza uwanja wetu kuwa Uwanja Usio na Moto. Jiko la kantini likazimwa, na tangu siku hiyo tunakunywa chai ya majani yaliyolowekwa kwenye maji ya bomba. Wafanyakazi tunapekuliwa getini kila asubuhi tusiingie na hata njiti moja. Gari la zimamoto lilionekana halina kazi tena, likapelekwa kumwagilia bustani ya Mheshimiwa Waziri. Cheti cha pongezi kimetundikwa ukutani juu ya kichwa changu.

Msomaji mwepesi atauliza: kama uwanja hauna moto, lakiri mnaiyeyusha kwa kitu gani? Swali hilo niliwahi kuliuliza kwa maandishi. Nilijibiwa kwa maandishi nisirudie.

Basi tukatafuta njia wenyewe. Abiria anayeomba kibali cha kiberiti bila shaka ana kiberiti. Anawasha cha kwake, tunayeyusha lakiri, tunagonga muhuri. Kwa kuwa amewasha moto ndani ya Uwanja Usio na Moto, anakamatwa palepale. Kisha anasamehewa kwa Fomu ya Msamaha Namba Nane, ambayo nayo inataka lakiri, kwa hiyo anawasha tena, anakamatwa tena. Mwanzoni tulikwama sana. Mfanyabiashara mmoja wa vitunguu alikamatwa na kusamehewa mara kumi na nne mpaka gesi ikamwishia, akaruhusiwa kusafiri kwa vile kiberiti chake hakikuwa kiberiti tena. Baadaye nilibuni mbinu ya kulaza fomu zote mbili mezani na kuzidondoshea lakiri kwa moto mmoja, haraka, kabla askari hajamaliza kusema "uko chini ya ulinzi". Rekodi yangu ilikuwa sekunde tisa. Nilijivunia rekodi ile kuliko cheti cha ukutani.

Polepole watu waliacha kusafiri na viberiti. Vile tulivyowanyang'anya hupelekwa wizarani kila jioni kwa ajili ya utafiti, na watafiti wote wa huko ni wavutaji. Wiki nyingi dawati langu halikuwa na mteja hata mmoja, nikawa nanoa penseli na kumung'unya peremende.

* * *

Bi. Nyamizi alikuja siku ya Alhamisi, saa mbili asubuhi, amejifunga kaniki. Alikuwa mama wa miaka sitini hivi, mfupi, mwenye mikono mikubwa ya mtu aliyelima. Alikuwa na tiketi ya Kihulu, kule milimani kaskazini. Ndege ya Kihulu huruka mara moja kwa wiki, Alhamisi saa nne. Barabara ipo, lakini mto nao upo, na daraja la mto huo limezinduliwa mara tatu bila kujengwa.

"Habari za kazi, ndugu yangu."

"Nzuri, mama. Pole na msiba."

"Nimekwisha poa. Ni baba yangu mzazi." Alikaa, akaweka kikapu magotini. "Maiti imetangulia jana na ndege ya jeshi iliyokuwa inapeleka mahema ya sherehe. Nikawaomba na mimi wanichukue, wakasema aliye hai lazima awe na barua. Basi nikabaki kufuatilia vitu vyake hospitali, stoo ilikuwa imefungwa. Wamenipa leo alfajiri. Anazikwa leo hii alasiri."

Akatoa vitu vyenyewe kimoja kimoja: kiko cheusi cha mti, tumbaku kidogo iliyofungwa kwenye jani la mgomba, na kiberiti cha petroli cha shaba, cha zamani, kilichochubuka kwa kushikwa. Kifuniko chake kilikuwa kimefungwa kwa uzi mweusi.

Niliionja tumbaku. Ilikuwa nzuri kuliko zote nilizowahi kuonja kazini, nikamwambia hivyo.

"Aliilima mwenyewe," alisema, na kwa mara ya kwanza akatabasamu. "Kwetu Kihulu sisi ni watu wa tumbaku. Mwenye nyumba akifa, moto wa nyumba yake unalala saa hiyohiyo. Hauwashwi tena mpaka kaburini. Pale, kabla ya kufukia, mtoto wa kwanza anawasha kiko cha marehemu kwa moto uleule wa nyumbani, anavuta mara tatu, anakiweka kaburini kingali kinafuka. Moshi ukipanda tunajua ameaga. Zamani kila nyumba ilikuwa na mawe yake mawili ya kugongesha. Baba alipotoka kufanya kazi kwenye mkonge akarudi na hiki, wazee walibishana mwaka mzima, mwisho wakakikubali. Miaka arobaini na mbili hiki ndicho kimewasha jiko letu, na taa, na kiko chake."

"Na mtoto wa kwanza ni wewe."

"Ni mimi. Wananisubiri mimi na hiki."

Niliandika "Ni tumbaku", nikaweka saini, nikajaza Fomu Namba Saba kwa mwandiko wangu mzuri. Kisha nikachukua kijiti cha lakiri, nikakilaza mezani mbele yake.

"Haya mama, washa."

Alinitazama. "Niwashe nini?"

Nikamweleza habari yote, ya lakiri, ya kukamatwa na ya kusamehewa. Nilieleza kwa adabu, maana nina kipaji cha kueleza. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Yaani ili mniruhusu kubeba moto wa baba yangu, niuwashe hapa mezani kwako?"

"Sekunde tisa tu, mama."

"Moto wa kwanza baada ya kifo ni wake. Ukiwashia kitu kingine, yeye hana tena. Hapana, ndugu yangu."

Hakupandisha sauti. Katika miaka sita hakuna abiria aliyewahi kuniambia hapana. Niligeuza fomu nyuma na mbele kutafuta mahali pa kuandika neno hilo, sikupaona.

* * *

Meneja Sebunga aliitisha kikao cha dharura. Huyu ni mtu anayevaa kizibao cha kung'aa juu ya suti na kalamu tatu mfukoni, na hajisemi "mimi" bali "uongozi". Uongozi ukikohoa, watu wawili huandika.

Walikuwepo wakuu wa idara zote saba. Mimi niliandika kumbukumbu za kikao huku nimeweka peremende mdomoni, maana ladha ya ile tumbaku ilikuwa kali. Kumbukumbu zinaonyesha kwamba pendekezo la kwanza lilikuwa kuianika lakiri juani. Tukatoka nje wote, tukasimama kuizunguka karatasi tukitazama mawingu. Pendekezo la pili lilitoka kwa Mkuu wa Ulinzi, ambaye ni mnene, naye alijitolea kuikalia. Aliikalia robo saa kwa moyo wa uzalendo, ikavunjika vipande vitatu. Afisa Uhusiano akapendekeza sala. Hakuna aliyependekeza kwamba yule mama apande ndege bila lakiri, na msidhani waliogopa kusema. Wazo lenyewe halikuingia kichwani mwa mtu yeyote, mimi nikiwa mmojawapo.

Saa ikafika tatu na nusu. Meneja akaenda mwenyewe kuongea na Bi. Nyamizi, akisimama, mikono nyuma.

"Mama, uongozi unaheshimu mila. Mila ndiyo uti wa mgongo wa utalii wetu. Lakini lazima ufahamu kwamba Jamhuri iko katika kipindi cha mageuzi, na katika kipindi cha mageuzi kila mwananchi anatakiwa kuchangia alichonacho. Wewe una moto. Uongozi unaomba cheche moja tu."

"Nimekusikia, baba," alisema Bi. Nyamizi. "Basi nipe hiyo karatasi bila nta."

"Bila lakiri?"

"Bila."

Meneja alitafuta kiti. Alipopata pumzi alisema labda akiache kiberiti hapa, atakikuta wiki ijayo.

"Wiki ijayo baba atakuwa chini siku saba," alisema yule mama. Akakishika kiberiti kwa mikono yote miwili, akatazama saa ya ukutani. Hapo nikashughulika na penseli zangu.

* * *

Saa tatu na dakika arobaini ikasikika bendi. Mheshimiwa Waziri Kisongole alikuwa anasafiri kwa ndege hiyohiyo kwenda kulizindua daraja kwa mara ya nne. Mbele walitangulia tarumbeta, kisha askari wanne waliobeba sanduku la chuma lenye hotuba, kisha Mheshimiwa mwenyewe, na nyuma yake maofisa arobaini ambao kazi yao ni kuwa nyuma yake.

Mheshimiwa haombi kibali cha kiberiti. Hata Uwanja Usio na Moto una ibara inayosema kwamba moto wa Waziri ni mwanga. Akiwa amesimama katikati ya ukumbi wetu alitoa sigara yake, akaiweka mdomoni, akanyoosha mkono bila kutazama. Msaidizi wake maalumu wa viwashio akafungua kikasha cha ngozi, akatoa kiberiti cha gesi cha dhahabu, akabonyeza. Akabonyeza tena. Mara ya tano jasho lilikuwa linamtiririka mpaka kwenye kola.

"Nini?" aliuliza Mheshimiwa, sigara ikicheza mdomoni.

"Gesi, Mheshimiwa. Imeishiwa uzalendo."

"Nani ana moto hapa?"

Maofisa arobaini walijipapasa mifukoni. Hakuna aliyekuwa nao, kwa sababu wote walikuwa watiifu kwa sheria iliyotungwa na mtu aliyekuwa anawauliza. Bendi ikaacha kupiga. Ndipo nikaona uso wa Meneja Sebunga unakunjuka taratibu. Alikuwa amegundua kwamba matatizo mawili yakikutana vizuri hupandishwa cheo mtu mmoja.

"Mheshimiwa," alisema, "moto upo."

Walimzunguka. Bi. Nyamizi alisimama na kile kiberiti kifuani, mdogo katikati ya suti zile.

"Mheshimiwa, nakuomba," alisema. "Nimekushika miguu. Huu ni wa baba yangu, na bado hajazikwa."

Mheshimiwa aliinama kidogo, kwa upole unaotumika mbele ya wapiga picha.

"Mama yangu, serikali ndiyo baba wa wote. Baba yako amekwenda, lakini baba yako huyu hapa bado yupo. Unamnyima moto baba yako aliye hai ukampe asiyeweza hata kushukuru?"

Maofisa wakapiga makofi. Mmoja akaandika maneno yale kwenye daftari. Mkuu wa Ulinzi akavipanua vidole vya yule mama, kimoja baada ya kingine, bila kumuumiza, maana sisi si watu wakatili. Msaidizi maalumu akakata uzi mweusi kwa meno.

Kiliwaka mara ya kwanza. Ulikuwa moto mdogo wa njano, umenyooka, hautikisiki. Mheshimiwa akaleta sigara yake.

"Karani!" Meneja alipiga kelele. "Lakiri! Upesi!"

Nami nikaenda. Magoti yangu hayakuuma. Nilishika kipande cha lakiri kwa mkono mmoja na fomu zote mbili kwa mwingine, nikaichomeka lakiri kwenye mwali uleule, chini ya sigara ya Waziri, ikadondoka tone moja huku na tone moja kule, nikagonga, nikagonga. Askari hakuwahi kufika hata "uko". Sekunde saba. Bi. Nyamizi alikamatwa kwa moto aliowashiwa Waziri, akasamehewa, akapewa kibali, vyote kwa pamoja. Meneja alinipiga bega, watu wakashangilia, na mimi, Mungu anisamehe, kwa dakika nzima nilifurahi.

* * *

Alirudishiwa kiberiti kikiwa bado cha moto. Hakulia. Alikifunga kifuniko, akaokota uzi uliokatwa sakafuni, akaweka kila kitu kikapuni, akasimama kwenye mstari.

Sijui kwa nini nilibeba kikapu chake. Nilimwambia ni kwa sababu ya ngazi za ndege. Katika miaka sita sikuwahi kuvuka ule mlango wa kioo. Kazi yangu ilikuwa inaishia mezani. Tukatembea polepole, yeye kwa uzee na mimi kwa magoti. Hakukiinua kiberiti juu ya kichwa. Alikuwa amekifumbata mkononi, wala hakuna aliyemwuliza.

Juu ya ngazi alisimama mhudumu wa ndege, binti mchangamfu mwenye kofia. Bi. Nyamizi akampa fomu kwa mikono miwili, kama anavyopewa mtu kitu chenye thamani.

"Fomu gani hii, mama?"

"Ya kiberiti."

"Aa, hizo sisi hatuchukui. Karibu, kaa popote, kasoro pale mbele kwa Mheshimiwa."

Nilidhani sikusikia vizuri. "Hamchukui tangu lini, dada?"

"Mimi hapa nina mwaka wa tano, baba. Ndiyo kwanza naiona."

Alikuwa na haraka, akampisha abiria mwingine. Bi. Nyamizi aligeuka akanitazama. Nilitamani anitukane. Ningeshukuru kwa tusi lolote, hata la nguoni. Badala yake alichukua mkono wangu, akaweka kile kiberiti kiganjani, akavikunja vidole vyangu juu yake kwa ile mikono yake mikubwa.

"Baki nacho, ndugu yangu. Kwetu hakina kazi tena."

Akaingia na kiko chake.

* * *

Daraja lilizinduliwa vizuri sana. Hotuba ilisomwa kurasa zote sitini na nne, na ili mkutano uonekane umejaa, watu wa Kihulu waliletwa kwa malori kutoka popote walipokutwa, yakiwemo mazishi. Rubani alinisimulia wiki iliyofuata. Alisema kaburi lilifukiwa harakaharaka, na kwamba mama mmoja mfupi alikataa kupanda lori mpaka aweke kiko ndani. Hakikuwa kinafuka. Watu walisimama wakisubiri moshi, wakasubiri, kisha askari wakasema inatosha.

Meneja Sebunga aliamuru kile kiberiti kiwe mali ya Dawati la Moto, cha kuyeyushia lakiri siku zote, kwa kuwa sasa kilikuwa na historia. Nilimwambia petroli imekwisha. Ni uongo wa pekee niliowahi kuiambia serikali. Kimejaa, kipo nyumbani kwangu juu ya kabati, nimekifunga uzi mweusi, na mke wangu haulizi.

Mtajiuliza basi fomu nazifunga kwa kitu gani. Nachukua peremende moja nyekundu, naimung'unya mpaka ilainike, naitema kwenye fomu upande wa chini kulia, nagonga muhuri. Inakauka vizuri, inang'aa. Huu ni mwezi wa saba nikifanya hivyo. Meneja amezitazama zote na kuziwekea saini. Mwezi uliopita alikuja mkaguzi kutoka wizarani, akainua moja dirishani, akainusa, akasema lakiri ya mwaka huu ina ubora wa hali ya juu na Jamhuri inapiga hatua.

Ile Alhamisi pakiti ilikuwa kwenye droo. Moja nilikuwa nayo mdomoni.